Mwaja, Mpanga Vioo wa Bugene

Vimebaki vioo kumi na tisa kati ya arobaini na kimoja. Nimevifunga kimoja kimoja kwa majani makavu ya mgomba, nikavirudisha katika sanduku lake, na sanduku liko jikoni darini, mahali ambapo moshi unafukuza mchwa. Tangu vita vianze mafuta ya taa hayafiki huku Karagwe, kwa hiyo taa ya picha imekaa bila kazi, huu mwaka wa tatu. Watoto wanaozaliwa sasa hawatajua kwamba watu walikuwa wakitoka Kimuli kwa miguu, wakilala njiani, kuja Bugene kutazama kazi ya binti yangu. Hata wale waliotazama, wengi walidhani ni kazi ya ndugu yangu Seif, kwa kuwa yeye ndiye aliyesimama mbele na kusema. Mwaja alikuwa nyuma ya kitambaa.

Nilizaa watoto watatu, akabaki yeye. Labda ndiyo sababu tangu utotoni nilikuwa nikimwangalia kama mtu anayechunga maziwa motoni. Alipofika miaka kumi na minane tulimwoza kwa Othman, kijana wa watu wetu, mwuza chumvi na majembe, mpole, mwenye kucheka kabla ya kumaliza kusema. Walikaa miaka miwili. Kisha Othman akaenda Mwanza na shehena ya ngozi, akashikwa na homa ng'ambo ya ziwa, akafa, akazikwa na watu asiowajua. Habari ilitufikia baada ya siku kumi na mbili. Hapakuwa na maiti ya kuosha wala kaburi la kwenda kulitazama. Palikuwa na kofia yake tu, iliyoletwa na mchukuzi, imekunjwa ndani ya jani la mgomba.

Mwaja akarudi kwetu kukaa eda. Alivaa nguo nyeupe, hakupaka wanja, hakujitia manukato, hakutoka nje ya ua. Miezi minne na siku kumi, kama ilivyoamriwa. Alikaa chumba cha nyuma, kile chenye dirisha dogo linalotazama migomba. Nilikuwa nikimpelekea chakula, kisha nasimama nyuma ya mlango kusikiliza kama anatafuna.

Katika mwezi wa pili Seif alirudi kutoka Bukoba. Seif ni mdogo wangu, mtu asiyeweza kupita penye kitu kigeni bila kukinunua. Mara hii alikuwa na taa kubwa ya bati yenye jicho mbele kama la ng'ombe, na sanduku la vioo vyenye picha. Ukiwasha taa na kupitisha kioo, picha inatoka kubwa kama ukuta. Alivinunua kwa Mgoa aliyekuwa anarudi kwao, naye alimpa vimepangwa vizuri, kila kimoja na karatasi yake ya namba. Lakini kwenye kinamasi cha mto Ngono mchukuzi aliteleza, sanduku likaingia majini, na karatasi zote zikatoka.

"Dada," Seif aliniambia, akiwa bado na matope magotini, "nimenunua hadithi, nimefika na vipande."

"Umenunua matatizo," nikamwambia. "Hatibu hataki picha ndani ya nyumba yake."

Hatibu ni mume wangu, mwenye duka, na baba yake alikuwa mwalimu wa chuo cha Kurani. Alitazama sanduku, akasema malaika hawaingii nyumba yenye picha. Seif akasema hazikai nyumbani, zinakaa jikoni. Hatibu akafikiri, akasema jikoni ni sawa, maana huko malaika wangekohoa kwa moshi wangu hata bila picha. Ikawa hivyo.

Ni mimi niliyempelekea Mwaja vile vioo. Vilihitaji kufutwa matope taratibu, na mimi nilihitaji mikono yake ipate jambo la kufanya. Hata hivyo niliogopa, kwa kuwa kwetu mjane wa eda hatazami kioo.

"Hivi si vya kujitazama, mama," alisema. "Nawatazama wao."

Hayo ndiyo maneno marefu aliyoyasema wiki ile.

Akavifuta kwa pamba na maji ya uvuguvugu, akavitandaza juu ya jamvi chini ya dirisha. Kulikuwa na meli, gari la moshi, mlima mweupe, maporomoko ya maji, askari juu ya farasi, bibi mzee dirishani, watoto mezani, mtu mnene anayeanguka kutoka kitini, mbwa aliyevaa kofia, ng'ombe malishoni, mwanamume mwenye mfuko akibisha mlango. Kulikuwa na kaburi chini ya miti. Na kulikuwa na mwanamke aliyevaa nguo nyeupe toka kichwani hadi miguuni, shela nyepesi usoni, macho chini, na watu wenye nguo nyeusi wamemzunguka.

Seif alikuja kumuuliza kama vimekauka. Alimkuta amevipanga safu tatu.

"Ndivyo alivyovipanga Mgoa?" Mwaja akamuuliza.

"Sikumbuki. Nakumbuka meli ilikuwa karibu na mwanzo."

"Basi sikiliza." Akaanza kugusa kioo kimoja kimoja kwa kidole. Mtu anaagana na mama yake. Anapanda meli. Mama yuko dirishani anangoja. Anapita mlima, anapita maji. Anaingia vitani na yule wa farasi. Kisha kaburi. Kisha mwanamke mwenye nguo nyeupe.

"Huyo ni nani?" akauliza Seif.

"Mkewe. Hujaona yuko katika eda?"

Tulimwona sote wawili. Nguo nyeupe, hana pambo mkononi, hainui macho, na wafiwa wamemzunguka. Nilikaa kando ya jamvi nikalia, na Seif, ambaye hanyamazi hata akila, akanyamaza.

Hivyo ndivyo kazi ilivyoanza. Eda ilipokwisha tulimwogesha, tukamfukiza udi, nikamvika kanga mpya nyekundu na nyeusi ambayo Othman mwenyewe alimwachia Hatibu dukani amtunzie. Akaivaa siku moja. Asubuhi iliyofuata nikamkuta katika nguo nyeupe.

"Mwanangu, eda imekwisha."

"Najua, mama."

Nikaikunja kanga, nikaiweka sandukuni. Nikaanza kuhesabu: mwezi mmoja, miezi mitatu, mwaka. Watu walikuja kumposa, wawili, wa heshima zao, na Hatibu akawaambia wangoje. Sikuwa na haja ya mkwe. Nilitaka kumwona binti yangu akivaa rangi na kutoka mlangoni kwa hiari yake. Kila alfajiri nilikuwa nikitazama kwanza amevaa nini, ndipo naenda kuwasha moto.

Mambo mawili tu yalimtoa katika chumba kile: swala na vioo. Seif alipata ghala la ngozi lililokuwa tupu, karibu na duka. Walikuwa wakiziba nyufa kwa majani ya mgomba, wakatundika kitambaa cha merikani katikati, wakailowesha maji ili mwanga upenye. Watu walikaa upande mmoja, baada ya swala ya adhuhuri, katika giza lenye harufu ya ngozi mbichi. Seif alisimama mbele yao akieleza kwa Kinyambo na Kiswahili. Nyuma ya kitambaa alikaa Mwaja na taa, akipitisha vioo. Hakuna aliyemwona, na yeye hakumwona mtu. Alikuwa anasikia tu.

Na alisikia vizuri. Walipokwenda Ihanda kwa mara ya kwanza, mimi nikifuatana nao kwa kuwa sikuweza kubaki nyumbani nikimwazia, aliweka ng'ombe mahali pa huzuni, yule mtu akiwakumbuka ng'ombe wa kwao. Watu wa Ihanda walipowaona wakaangua kicheko. Ng'ombe wale walikuwa na vipembe kama vidole, si pembe ndefu kama za ng'ombe wa huku kwetu.

"Wamewakata pembe," mzee mmoja akasema. "Huyo mtu ni mwizi, amewabadilisha sura."

"Au ni mbuzi wameshiba," akasema mwingine.

Tulipofika nyumbani Mwaja alimwambia mjomba wake, "Ng'ombe watoke kwenye safari. Nitawaweka baada ya mtu mnene kuanguka." Siku ya pili, ghalani kwetu, mtu mnene alianguka, wakacheka, wakaja ng'ombe wenye vipembe, wakacheka mpaka wakashikana, kisha, wakiwa bado wanafuta machozi ya kicheko, akaingiza bibi mzee dirishani. Ghala zima likatulia ghafla kama mtu aliyekumbuka kitu. Nilikuwa nimekaa miongoni mwao. Nilijikuta nimenyoosha shingo, na mimi nilikuwa najua vizuri kioo gani kinafuata.

Kwa vioo vile arobaini na kimoja alitengeneza hadithi saba au nane. Wachungaji walikuwa na yao, wachukuzi yao, na watoto wakapata ya mbwa mwenye kofia aliyezunguka dunia. Kwenye kioo cha watoto mezani palikuwa na chupa ya pombe, naye akaifunika kwa masizi aliyokoroga na utomvu wa mgomba, kwa ncha ya unyoya, hadi ikawa kama kivuli cha mlango. Kioo kilichopasuka hakukitupa. Alikifunika nusu iliyoharibika, na ile nusu nzima ikawa picha mpya: askari bila farasi, akitembea kwa huzuni.

Seif alilalamika. Alipenda maneno, na Mwaja alikuwa akibadilisha kioo kabla hajamaliza.

"Unanikata, Mwaja. Nimebakiza maneno mazuri mdomoni."

"Walikuwa wameshaelewa, mjomba."

"Umejuaje? Uko nyuma ya kitambaa."

"Waliacha kukohoa."

Hatibu naye alikuwa akija hadi mlango wa ghala na kusimama, amekipa mgongo kitambaa, akidai anaangalia duka. Siku moja niliona mabega yake yakitikisika mbwa alipopita.

Lakini hadithi iliyopendwa kuliko zote ilikuwa ile ya kwanza, ya mjane. Wanawake walikuwa wakija na vitambaa vya kufutia macho. Kila ilipoonyeshwa, Mwaja aliishia pale pale: kaburi, mwanamke mweupe, kisha giza. Aliacha mwanamke akae kwenye kitambaa kwa muda mrefu, kisha akaizima taa. Nami kila mara nilitoka ghalani na hofu. Nilimwona binti yangu akijifungia ndani ya kioo kile, na watu wakimshangilia kwa machozi.

Eda ilikuwa imekwisha miezi kumi na minane alipokuja Asia. Asia ni mke wa mpishi aliyefanya kazi kwa Wazungu huko Bukoba. Alikuja Bugene kukaa na dada yake akijifungua. Ni mtu wa kusema, mwenye sauti ya kufika kisimani. Alikaa mbele. Kaburi likapita. Mwanamke mweupe akaja. Wanawake wakaanza kulia kama desturi, na katikati ya kilio kile nikasikia mtu anacheka.

"Jamani, mnamlilia bibi harusi?"

"Bibi harusi gani?" akauliza jirani yake. "Huoni mjane huyo?"

"Mjane wa wapi, dada yangu. Nguo kama hiyo nimeifua kwa mikono yangu hii, tukaipiga pasi siku mbili. Wazungu kwao nyeupe ni ya kuolewa. Wakifiwa ndipo wanavaa nyeusi, mpaka leso ya pua."

"Na hao wenye nyeusi?"

"Ndivyo wanavyovaa wanaume wao wakienda karamuni."

Wanawake wakashusha vitambaa vyao vya machozi. Kisha mwanamke mmoja akasema, "Basi mimi nimelia mara sita kwa ajili ya harusi ya mtu." Watu wakacheka. Seif akajaribu kusema kwamba ndiyo, ndiyo, aliolewa baadaye, na wao wakacheka zaidi. Taa ikazimika nyuma ya kitambaa.

Nilipozunguka nilimkuta anafunga vioo kwa utaratibu, kila kimoja mahali pake. Hilo ndilo lililoniogopesha.

Siku kumi na tano hakugusa sanduku. Sahani ilirudi kama nilivyoipeleka. Watu wa Ihanda walituma mtu kuuliza siku ya maonyesho, Seif akawaambia taa ina kikohozi. Siku ya kumi na sita nilikuwa nimekaa naye, namenya ebitoke, ndizi za kupika, ili niwe na sababu ya kukaa. Akasema bila kuinua uso:

"Mama, yule mwanamke nimemfanyia nini? Alikuwa anaolewa. Mimi nikamweka makaburini mwaka na nusu."

Kisu kilisimama mkononi. Nilitaka kusema maneno laini, nayo hayakuja. Yakaja haya:

"Si yeye peke yake uliyemweka huko."

Nilijuta hapo hapo. Nikachukua ndizi nyingine nikaimenya vibaya, nusu ikaenda na ganda. Mwaja alinitazama mikono muda mrefu. Kisha akachukua kisu, akamenya zile zilizobaki, na utomvu ukamchafua nguo nyeupe mapajani, madoa ambayo hayatoki hata ufue vipi.

Kesho yake akaniomba nimpeleke kwa Asia. Tangu afiwe, hakuwa amevuka ua isipokuwa kwenda ghalani au safari ya vioo. Tulikwenda. Asia alitaka kuomba radhi, Mwaja akamzuia. Alimletea maswali.

"Hao Wazungu wanawake, wanakaa eda muda gani?"

"Wengine mwaka. Wengine zaidi. Hakuna anayewahesabia."

"Sasa wanajuaje imekwisha?"

Asia akafikiri. Kwa mara ya kwanza nilimsikia akisema polepole. "Yule bibi niliyemfulia, mama mkwe wake alivaa nyeusi miaka mitatu. Siku moja aliamka akasema anataka kula samaki. Akala. Jioni akavaa ya kijani."

"Samaki?"

"Samaki, mwanangu. Sato wa kukaanga. Mume wangu ndiye aliyempikia, na mpaka leo anajisifu."

Mwaja akatabasamu. Nilitazama chini wasione ninavyomtazama.

Akarudi kwenye jamvi. Alipanga siku nne. Msimu wa senene, panzi wetu wa kuliwa, ulikuwa umeingia, na watoto walikuwa wakiwakusanya alfajiri kwenye majani, nyumba nzima inanuka senene wa kukaanga. Aliweka, akaondoa, akakaa akitazama, akaweka tena. Nilimwona anashika kioo cha kaburi juu ya dirisha, kikipenywa na jua, akikigeuza kama mtu anayetafuta mahali pa kukiweka chini. Tangu mwanzo kaburi lilikuwa karibu na mwisho. Sasa akaliweka katikati.

Ijumaa, baada ya swala, ghala lilijaa. Habari ya bibi harusi ilikuwa imefika Kimuli, na wengi walikuja kucheka. Asia alikaa mbele, mikono mapajani kama mtoto wa chuo. Mwaja alimwambia Seif:

"Mjomba, akija yule mwanamke, usiseme neno."

"Hata moja?"

"Hata kukohoa."

Mara hii aliniambia nikae naye nyuma, nimshikie chombo cha maji cha kulowesha kitambaa. Nikaona kila kitu kutoka upande wake, picha zikiwa zimegeuka, meli ikienda kinyume.

Mtu akaondoka. Mama akangoja dirishani. Mlima, maji, askari. Kaburi. Kisha mwanamke mweupe, macho chini. Wengine wakaanza kuguna na kucheka, "Bibi harusi huyo." Seif akakaa kimya. Mwaja hakubadilisha. Kicheko kikapungua, kikafa, na nikasikia mwanamke mmoja akivuta pumzi kwa pua. Hata wakijua, walimwona mjane.

Mwaja akamtoa. Lakini hakumrudisha sandukuni. Alimweka kwenye paja lake, juu ya yale madoa ya utomvu. Akaja bibi mzee. Wakaja watoto mezani. Mtu mnene akaanguka, ng'ombe wenye vipembe wakaja, watu wakacheka kwa mashaka kwanza, kisha kweli. Gari la moshi. Mwanamume mwenye mfuko, akibisha mlango. Akamwacha abishe kidogo. Halafu akachukua kioo kile kutoka pajani, kile kile, akakiingiza.

Nilisikia maji yakidondoka kutoka kwenye kitambaa. Kisha sauti ya kikongwe mmoja wa Kinyambo, nyuma kabisa:

"Mwoneni. Amecheka."

"Huyu si yule," mwingine akasema.

"Ni yule. Uso umefunguka."

"Wamechora mwingine."

"Nakwambia ni yule, shela ni ile ile."

Wakabishana, nami nyuma ya kitambaa nilikuwa nakitazama kioo chenyewe, kimekaa mbele ya taa, upana wa kiganja. Macho chini, kama siku zote. Hakuna kilichobadilika ndani yake hata chembe. Nilimgeukia Mwaja kumwambia, nikaona mashavu yake yamelowa na meno yanaonekana. Sikumgusa. Nililowesha tu kitambaa, kilikuwa kinaanza kukauka.

Aliendelea na kazi ile mpaka mafuta yalipokwisha. Alifika Kimuli mara nne, na safari ya mwisho akakaa mbele ya kitambaa, akaeleza mwenyewe, Seif akapitisha vioo na kulalamika kwamba sasa hana mdomo. Vioo vingine vilivunjika njiani, na kwa kila kilichovunjika alibuni njia mpya ya kusimulia bila hicho. Cha mwanamke mweupe kipo, kiko ndani ya sanduku, namba kumi na mbili kutoka kushoto.

Lakini mimi nakumbuka zaidi asubuhi ya Jumamosi ile, baada ya maonyesho. Niliamka alfajiri kama kawaida, nikatazama mlango wa chumba cha nyuma. Ulikuwa wazi. Mwaja alikuwa jikoni, ameshawasha moto, anakaanga senene.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

Akakoroga chungu. Akasema, bila kugeuka, "Ile kanga nyekundu, bado iko sandukuni?"

"Iko."

"Haijaliwa na nondo?"

"Nimeifukiza udi kila mwezi," nikasema.

Akageuka akanitazama, na nadhani ndipo alipojua nilivyokuwa nikihesabu. Nikaenda kuileta. Mikunjo ilikuwa imeshika, ikabidi niinyooshe kwa viganja vya mikono juu ya jamvi, pale pale chini ya dirisha. Akaivaa. Akachukua kikapu, akaniambia anakwenda kwa Asia kumpelekea senene wakiwa bado wa moto.

"Nikusindikize?" nikamuuliza.

"Hapana, mama. Kaa ule."

Nikakaa. Niliisikia sauti ya miguu yake ikipita kwenye majani makavu ya mgomba mpaka ikaisha, ndipo nikavuta sahani.